Mshairi Mbele ya Kamera: Kazi Nyingi za Pier Paolo Pasolini Zikitazamwa Kutoka Lamu

Utangulizi

Masomo ya fasihi yana desturi ya kumgawa msanii katika mafungu. Mshairi husomwa katika kozi ya ushairi, mtunzi wa tamthilia katika kozi ya tamthilia, na mwigizaji huachiwa watu wa sanaa za maonyesho. Msanii aliyefanya yote hayo kwa pamoja huleta tabu. Hutiwa katika fungu moja, na kazi zake nyingine hutajwa kwa sentensi moja katika wasifu wake. Mwitaliano Pier Paolo Pasolini (1922–1975) ni mmoja wa wasanii wa namna hiyo. Alikuwa mshairi, mwalimu, mwandishi wa riwaya, mfasiri, mwandishi wa miswada ya filamu za watu wengine, mwigizaji, mshika kamera na mwongozaji. Mwingine ni Mwamu, Muhamadi bin Abubakari bin Omari, ajulikanaye zaidi kwa jina la Kijumwa au Kijuma, aliyezaliwa mnamo mwaka 1855 na kufariki mwaka 1945.

Makala haya yanawatazama wawili hao pamoja. Hawakukutana, kwani Kijumwa alifariki miaka 15 kabla Pasolini hajasimama mbele ya kamera kwa mara ya kwanza. Linalowaunganisha ni swali moja: msanii wa kazi nyingi huzifunga kazi zake kwa kamba gani? Makala yanashikilia kwamba kwa wote wawili kamba hiyo ilikuwa lugha ya nyumbani. Yanaonyesha pia kwamba pale Pasolini alipoilegeza kamba hiyo, yaani alipokuja Afrika Mashariki mwishoni mwa miaka ya 1960 kutafuta sura za tanzia ya Kigiriki, kazi yake ilipungukiwa na jambo ambalo visiwa vya Lamu vilikuwa nalo tayari.

Kutoka Lahaja Hadi Filamu

Pasolini alizaliwa Bologna tarehe 5 Machi 1922. Baba yake alikuwa mwanajeshi. Mama yake, Susanna, alikuwa mwalimu kutoka Casarsa, katika eneo la Friuli, kaskazini-mashariki mwa Italia. Huko Friuli watu wana lugha yao, ambayo kwa miaka mingi ilihesabiwa kuwa lahaja ya wakulima tu. Utawala wa Kifashisti ulitaka Italia nzima iseme kwa ulimi mmoja, na lahaja zilitazamwa kwa jicho baya. Katika hali hiyo, mwaka 1942, kijana wa miaka 20 alichapisha diwani yake ya kwanza kwa lugha ya upande wa mama yake. Mwaka 1945 alianzisha huko Casarsa chama kidogo cha kuiendeleza lugha hiyo. Mwaka huohuo nduguye mdogo, Guido, aliyekuwa mpiganaji wa msituni dhidi ya Ufashisti, aliuawa na wapiganaji wa kundi jingine lililokuwa likimpiga vita adui yuleyule. Suala la damu ya ndugu kumwagwa na ndugu halikuwa, kwa Pasolini, jambo la vitabuni tu.

Mwaka 1950 alihamia Roma pamoja na mama yake, akiwa hana kazi wala fedha. Alifundisha shule pembezoni mwa jiji, akaishi karibu na vitongoji vya mafukara, akaisikiliza lugha yao. Matunda yake yalikuwa riwaya ya Ragazzi di vita (1955), iliyoandikwa kwa kuchanganya Kiitaliano sanifu na msemo wa mitaa ya Roma. Kitabu kilishtakiwa mahakamani kwa madai ya kuvunja heshima ya umma, na baadaye kikaachiliwa.

Ni sikio hilo la lugha ndilo lililomfungulia mlango wa filamu. Federico Fellini alipokuwa akitayarisha Le notti di Cabiria (1957), alimwita Pasolini asaidie kuandika mazungumzo ya wahusika wa mitaani. Kwa hiyo aliingia katika filamu kama fundi wa maneno: mtu ambaye jina lake hupita upesi katika orodha ya watenda kazi, lakini ambaye bila yeye wahusika wangesema kama vitabu. Alifanya kazi ya miswada kwa waongozaji kadhaa kabla ya kuongoza filamu yake ya kwanza, Accattone, mwaka 1961. Msaidizi wake katika filamu hiyo alikuwa kijana Bernardo Bertolucci, ambaye naye baadaye alikuwa mwongozaji mashuhuri. Mhusika mkuu aliigizwa na Franco Citti, kijana wa vitongoji vilevile ambavyo riwaya ilivisimulia.

Hapa pana jambo la kuzingatiwa na mwanafunzi wa fasihi. Kazi za Pasolini zilibadilika kwa nje: diwani, riwaya, mswada, filamu. Kwa ndani zilikuwa kazi moja, nayo ni kuwapa nafasi watu ambao ulimi wao ulidharauliwa.

Mwigizaji Anayetia Sahihi

Pasolini aliigiza pia, na uigizaji wake haukuwa wa namna moja. Upo ule alioufanya kwa ajili ya wenzake. Mwaka 1960 alicheza nafasi ndogo ya mhalifu katika Il gobbo, filamu ya Carlo Lizzani. Mwaka 1967, kwa mwongozaji huyohuyo, alicheza nafasi ya padri katika Requiescant, filamu ya wapanda farasi na bastola ya aina iliyokuwa ikitengenezwa kwa wingi Italia wakati huo. Katika kazi hizo alikuwa mwajiriwa kama waajiriwa wengine.

Upo pia uigizaji aliofanya katika filamu zake mwenyewe, na huo ndio wenye somo kubwa zaidi. Katika Edipo re (1967), iliyotokana na tanzia ya Sophocles na kupigwa kwa sehemu kubwa nchini Morocco, alijitokeza kama kuhani mkuu anayemwendea mfalme kwa niaba ya watu waliopatwa na tauni. Katika Il Decameron (1971) alikuwa mchoraji, mwanafunzi wa Giotto, anayepanda jukwaa la mbao na kuupamba ukuta wa kanisa pamoja na wasaidizi wake. Katika filamu ya mwaka 1972 iliyotokana na hadithi za Canterbury alikuwa Chaucer mwenyewe, mtunzi aliyeketi na kalamu yake. Kuhani, mchoraji, mtunzi: kila mara anaigiza mtu ambaye kazi yake ni kusimama baina ya watu na kitu kikubwa kuliko wao, au fundi aliye kazini.

Msomaji wa tendi za Kiswahili hatapata taabu kulielewa jambo hilo. Kwa desturi ya tendi, mtunzi hufungua kwa kumtukuza Mungu, na mara nyingi hutueleza jinsi alivyotaka aletewe karatasi na wino na kalamu. Mwishoni, katika tamati, hutaja jina lake au tarehe ya kazi, na huomba asamehewe makosa. Kwa njia hiyo fundi huingia ndani ya kazi yake na kuonyesha mkono wake. Pasolini alifanya vivyo hivyo kwa mwili wake. Alipopita mbele ya kamera akiwa na brashi au kalamu, alikuwa akitia sahihi.

Filamu zake zilijaa watu waliotolewa katika kazi nyingine na kupewa kazi ya kuigiza. Katika filamu ya Injili ya Mathayo (1964), Yesu aliigizwa na mwanafunzi kutoka Uhispania, Enrique Irazoqui, ambaye hakuwa mwigizaji wa kazi. Mama wa Yesu katika uzee wake aliigizwa na Susanna, mama yake Pasolini, yule aliyemrithisha lugha ya Friuli na aliyekuwa amempoteza mwana vitani. Hapana mwigizaji wa kulipwa ambaye angeweza kuuleta uso ule.

Orestes Katika Mitaa ya Kigoma

Mwaka 1960 Pasolini alikuwa ameifasiri kwa Kiitaliano Oresteia ya Aeschylus, kwa ajili ya maonyesho ya jukwaani ya Vittorio Gassman. Tamthilia hizo tatu zilichezwa Athens kwa mara ya kwanza mwaka 458 kabla ya Kristo. Mfalme Agamemnon anarudi kutoka vita vya Troy na kuuawa na mkewe Clytemnestra. Mwana wao, Orestes, anamuua mama yake ili kulipa kisasi cha baba, kwa amri ya mungu Apollo. Mizuka ya kisasi inamwandama mpaka Athens. Huko mungu Athena anaunda mahakama ya watu, Orestes anaachiliwa, na ile mizuka inatulizwa na kugeuzwa kuwa walinzi wema wa mji.

Mwishoni mwa miaka ya 1960 Pasolini alisafiri Uganda na Tanzania akiwa na kamera, kutafuta mahali na nyuso za filamu ya Oresteia ya Kiafrika. Filamu yenyewe hakuitengeneza. Alichokiacha ni matayarisho yake, filamu ya mwaka 1970 iitwayo Appunti per un'Orestiade africana, yaani maandalizi ya Oresteia ya Kiafrika, ambayo ilionyeshwa Venice mwaka 1973. Mapema katika filamu hiyo Pasolini anaonekana akiakisiwa na kioo cha duka huku ameshika kamera. Hiyo tena ni sahihi ya fundi.

Anapita Kigoma na vijiji vya magharibi mwa Tanzania akitazama wazee, wasichana, washonaji na vijana, na kwa kila uso anauliza: je, huyu angefaa kuwa Agamemnon? Yule angefaa kuwa Electra? Mizuka ya kisasi anaiona katika miti mikubwa inayotikiswa na upepo. Vita vya Troy anavionyesha kwa picha za vita vya Biafra. Hekalu la Apollo anaamua kuwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Ngoma ya Wagogo anaitumia kuonyesha jinsi mizuka inavyogeuka kuwa neema. Wazo lake lilikuwa kwamba nchi za Afrika zilizotoka kupata uhuru zilikuwa zikipita njia ileile ya Athens: kutoka katika dunia ya damu na jadi kuingia katika dunia ya sheria, kura na mahakama, bila kuipoteza kabisa ile ya kwanza.

Katikati ya filamu Pasolini anawaonyesha picha hizo wanafunzi wa Kiafrika waliokuwa wakisoma katika Chuo Kikuu cha Roma, na kuwaomba maoni. Maoni yao hayakuwa ya kumpaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Walimkumbusha kwamba Afrika ni bara lenye mataifa mengi, na kwamba haifai kulisemea kana kwamba ni kitu kimoja. Walilitilia shaka pia neno kabila na jinsi wageni walitumiavyo. Ni sifa kwa Pasolini kwamba hakuyakata maneno hayo alipohariri. Aliyaacha, na leo ndiyo sehemu ya filamu yenye uhai mkubwa zaidi.

Hata hivyo, pana upungufu ambao wanafunzi wale hawakuutaja waziwazi. Sauti inayotawala filamu ni ya Pasolini, kwa Kiitaliano. Sehemu ya Cassandra inaimbwa Roma, kwa Kiingereza, na waimbaji Yvonne Murray na Archie Savage, wakifuatana na muziki wa jazi wa Gato Barbieri kutoka Argentina. Watu wa Kigoma wanaonekana zaidi kuliko wanavyosikika. Wana sura, hawana kauli. Mtu aliyejenga maisha yake juu ya hoja kwamba lugha ya mnyonge ni lugha kamili, alipofika katika nchi ya Kiswahili aliwachagua watu kwa macho badala ya sikio.

Wakati kamera yake ikilipiga picha jengo la chuo kikuu kwa nje ili liwe hekalu la Apollo, kulikuwa na tanzia iliyokuwa ikitungwa kwa Kiswahili mahali hapohapo. Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, aliyesoma sanaa za maonyesho katika chuo hicho, ilichapishwa mwaka 1969. Mwaka huohuo Julius Nyerere alichapisha Mabepari wa Venisi, tafsiri yake ya Shakespeare. Nchi ambayo Pasolini aliitafutia tanzia ilikuwa tayari inaandika na kufasiri tanzia kwa ulimi wake.

Kijumwa: Fundi wa Lamu

Ili kuona kilichokosekana, inafaa kurudi nyuma nusu karne na kwenda Lamu. Muhamadi Kijumwa aliishi katika mji ambao kazi za sanaa hazikutengwa kwa kuta nene. Alikuwa mtunzi wa mashairi na tendi. Alikuwa mwandishi mwenye mkono mzuri wa hati za Kiarabu, na nakala zake za tendi za kale zimehifadhiwa mpaka leo London na Ujerumani. Alikuwa fundi wa nakshi katika mbao, kazi ambayo milango ya Lamu inajulikana kwayo duniani. Alikuwa mtu wa ngoma na nyimbo, mpigaji na mchezaji, katika mji ambao mashindano ya ngoma baina ya mitaa yalikuwa jambo zito. Alikuwa mwalimu wa lugha, na aliwafundisha wamisionari wa Kijerumani waliofika Lamu. Aliandika pia utendi wa wasia kwa mwanawe.

Kazi hizo zinashikana. Mkono uliozoea kukata ua katika mbao ndio uliopamba kurasa. Sikio lililozoea mapigo ya ngoma ndilo lililopima mizani. Mtu aliyejua kusimama katika uwanja wa gungu alijua pia jinsi ubeti unavyopaswa kusimama mbele ya wasikilizaji. Kama kwa Pasolini, wingi wa kazi ulikuwa wa nje. Ndani yake mlikuwa na Kiamu, lahaja ambayo kwa karne nyingi ilikuwa chombo cha ushairi wa pwani ya kaskazini.

Kijumwa alikuwa pia, kwa lugha ya filamu, mtenda kazi wa nyuma ya kamera. Wataalamu wa Ulaya walipotaka tendi, walimwendea yeye au walimwandikia barua. Alice Werner, aliyefika pwani kabla ya Vita Kuu ya Kwanza na kuandika juu ya Liyongo katika miaka ya 1920, alimtegemea. William Hichens alipokea hati zake. Ernst Dammann, aliyekaa Lamu mwaka 1936 na kuchapisha mwaka 1940 mkusanyo mkubwa wa tungo za Kiamu, alifanya kazi naye. Majina ya juu ya majalada yalikuwa ya wahariri. Mkono ndani ya kurasa ulikuwa wa Kijumwa. Ilibidi kupita miaka mingi kabla ya watafiti kumfanya yeye mwenyewe kuwa mada, na kumwona kama msanii mwenye maamuzi yake, aliyejua nini cha kunakili, nini cha kupamba, na nani wa kumpa.

Liyongo na Orestes

Kazi ya Kijumwa isomwayo zaidi shuleni na vyuoni ni Utendi wa Fumo Liyongo, aliouandika mwaka 1913. Chapisho lililohaririwa na Abdilatif Abdalla lilitolewa Dar es Salaam mwaka 1973. Ni mwaka uleule ambao filamu ya Pasolini ilionyeshwa Venice. Haya ni masadifu tu, lakini yanamsaidia mwanafunzi kuziweka kazi mbili ubavu kwa ubavu.

Kisa kinajulikana. Liyongo ni shujaa, mpiga upinde na mshairi wa nchi ya Pate na Ozi. Mtawala wa Pate anamhofia kwa ajili ya kiti chake. Hila zinafanywa. Katika moja, watu wanapokezana kuukwea mkoma na kuangusha makoma, na zamu ya Liyongo ikifika wamchome mishale akiwa juu. Yeye anatambua, na anayaangusha makoma kwa mshale akiwa chini. Anatiwa gerezani. Kijakazi wake, Saada, anamletea chakula ambacho askari hukitwaa kilicho kizuri. Liyongo anamtumia mama yake ujumbe kwa wimbo ambao askari wanausikia lakini hawauelewi: aoke mkate wa wishwa, na ndani yake atie tupa. Kisha anaomba ichezwe ngoma ya gungu. Matoazi na ngoma zinapovuma, yeye anakata minyororo. Mwishowe mtawala anamnunua mwanawe Liyongo kwa ahadi ya ndoa na cheo. Mwana anamuuliza baba ni kitu gani kiwezacho kumuua. Baba, akijua au akihisi, anasema ni shaba ikichomwa kitovuni. Mwana anamchoma usingizini. Liyongo anaamka, anachukua upinde, anakwenda kisimani na kupiga goti, mshale umepachikwa. Anakufa katika hali hiyo. Watu hawathubutu kuteka maji, wakidhani yu hai. Mama yake anabembelezwa aende kumsihi. Mpaka maiti inapoanguka ndipo mji unapojua kwamba shujaa alikwisha kufa. Naye mwana hakuishi kuyafaidi aliyoahidiwa.

Tukilinganisha, tunaona kwanza kufanana. Katika kazi zote mbili ukoo unajiua wenyewe: Orestes anamuua mama, mwana wa Liyongo anamuua baba. Katika zote mbili mama yuko katikati, na ukumbi wa mfalme ndiko hila inakopangwa.

Tofauti ndiyo yenye uzito. Katika Oresteia dola ndiyo inayoponya: mahakama ya Athens inakata mnyororo wa kisasi. Hilo ndilo Pasolini alilolitaka kulionyesha Afrika. Katika Liyongo dola ndiyo inayotia ugonjwa. Mwana hakumuua baba yake kwa kisasi cha damu wala kwa amri ya mungu. Alimuua kwa sababu mtawala alimwahidi cheo. Utendi hauoni kwamba jadi ni giza na serikali ni nuru. Unauliza jinsi serikali inavyoweza kuingia katika nyumba ya mtu na kumnunua mwana wake. Kwa nchi zilizokuwa zimepata uhuru miaka michache tu, hilo halikuwa swali dogo. Pasolini mwenyewe alilazimika kuleta picha za Biafra, yaani vita vya dola, ndani ya filamu iliyosifu kuzaliwa kwa dola. Kama angekuwa na Liyongo mkononi, mgongano huo ungekuwa kiini cha filamu badala ya kuwa doa lake.

Tofauti ya pili inahusu msanii. Orestes si mtunzi wala mwimbaji. Liyongo ni vyote viwili, na sanaa yake ndiyo inayomwokoa. Wimbo kwa Saada ni sanaa ya fumbo: maneno yaleyale yanasikiwa na watu wawili, mmoja anaelewa na mwingine haelewi. Gungu ni onyesho lenye kazi nyuma ya pazia: mbele watu wanacheza, nyuma mtu anakata chuma. Kijumwa, mtu wa gungu aliyeandika juu ya gungu, alijua alichokuwa akikisimulia. Hapo mwandishi yumo ndani ya kazi kwa namna ileile ambayo Pasolini yumo ndani ya Il Decameron akiwa na brashi mkononi.

Sikio Kabla ya Jicho

Mtu anaweza kusema kwamba si haki kumlaumu mgeni wa miaka ya 1960 kwa kutokujua utendi wa Kiamu. Pingamizi hilo lina nguvu, na makala haya hayamlaumu kwa kutokusoma. Yanaonyesha tu kwamba kanuni iliyoukosoa mradi wake ilikuwa kanuni yake mwenyewe. Huko Friuli alianza na lugha, kisha shairi. Huko Roma alianza na lugha, kisha riwaya, kisha filamu, na mwigizaji alitoka mahali palepale lugha ilipotoka. Kigoma alianza na uso. Mpangilio uligeuka, na filamu ikabaki matayarisho.

Somo hilo linahusu Lamu ya leo. Mji wa Kale wa Lamu uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2001, na mandhari yake huwavuta wapiga picha: vichochoro, milango, majahazi, wanawake katika buibui. Filamu ya Subira (2018) ya Ravneet Sippy Chadha, inayomhusu binti wa Lamu apendaye kuogelea baharini, iliteuliwa kuiwakilisha Kenya katika mashindano ya Oscar. Kamera zitaendelea kuja. Hatari ni kwamba Lamu iwe kama Kigoma ilivyokuwa kwa Pasolini: pazia zuri la nyuma kwa hadithi iliyoletwa kutoka kwingine, na wenyeji wawe nyuso tu.

Kisa cha Liyongo kinaweza kuwa kinga. Kina gereza, ngoma, mkate wenye siri, na picha ya mwisho ambayo mwongozaji yeyote angeitamani: mtu aliyekufa akiwa amepiga goti, upinde mkononi, na mji mzima wenye kiu ukimtazama kwa mbali. Lakini wimbo kwa Saada hautafanya kazi kama watazamaji hawasikii lugha yenye fumbo. Ukiutafsiri kwa maneno ya wazi, askari nao wataelewa, na shujaa hatatoka gerezani. Hapo lugha ndiyo tupa iliyomo ndani ya mkate.

Hitimisho

Makala haya yamechunguza maisha ya kazi ya Pasolini, kutoka ushairi wa lahaja hadi uandishi wa miswada, uigizaji na uongozaji, na kuyaweka karibu na maisha ya kazi ya Muhamadi Kijumwa wa Lamu. Imeonekana kwamba wingi wa kazi haukuwa kutangatanga. Kila mmoja alikuwa na kazi moja aliyoifanya kwa vyombo vingi, na msingi wake ulikuwa lugha ya nyumbani. Imeonekana pia kwamba matayarisho ya Oresteia ya Kiafrika yalipungukiwa pale msingi huo ulipoachwa, na kwamba Utendi wa Fumo Liyongo una swali kuhusu dola na ukoo ambalo tanzia ya Kigiriki haikuliuliza kwa namna hiyo.

Mambo mawili yanapendekezwa kwa wanafunzi wa Kiswahili. La kwanza ni kuacha kuwasoma wasanii kama Kijumwa kwa fungu moja. Utendi wake usomwe pamoja na hati zake, nakshi zake na ngoma zake, na jina lake litajwe pale ambapo mkono wake ulifanya kazi, hata kama jalada lina jina la mwingine. La pili ni kwamba wanafunzi wa fasihi waingie katika kazi ya filamu kwa mlango ambao Pasolini aliuingilia: mlango wa mazungumzo. Anayekijua Kiamu, Kipate au Kisiu ana kazi ya kufanya katika kundi lolote litakalokwenda kupiga picha visiwani. Huenda jina lake likapita upesi mwishoni mwa filamu. Lakini wahusika watasema, na watu wa Lamu wakikaa kutazama watajisikia.